SOMO: Kurekodi filamu na kina mama wa mwani, pwani ya Tanga

Wiki hii nimeulizwa "kamera gani ninunue?" mara tano. Simu yako inatosha. Haya mengine ndiyo kazi.

1. Kibali cha Bodi ya Filamu, kisha barua kwa mtendaji na mwenyekiti wa kijiji.

2. Siku za mwanzo nenda bila kamera. Kaa chini, funga mbegu (vipande vya mwani) kwenye kamba.

3. Fuata maji. Bamvua, mwezi ukiandama au ukipevuka, ndipo yanatoka mbali. Ukija maji mafu utarekodi bahari tupu.

4. Upepo wa kusi unameza maneno. Vika maiki sponji au manyoya.

5. Ridhaa. Hapa niliharibu. Mama mmoja alieleza mbele ya kamera jinsi mnunuzi anavyokata kilo kwa kisingizio cha unyevu. Alikubali, akaweka dole gumba, nikaona nimemaliza. Filamu ikaonyeshwa mjini, mtu akakata kipande cha dakika moja, kikazunguka WhatsApp mpaka kikamfikia mnunuzi mwenyewe. Msimu ule magunia yake matatu yalilala kibandani, gari la mnunuzi likasimama kwa jirani. Dole gumba aliweka, ndiyo, lakini akidhani watazamaji ni watu wa mbali. Niliyejua itafika wapi ni mimi, na sikusema.

Sasa naomba ridhaa mara tatu: kabla, baada ya kurekodi, na baada ya kuhariri, wahusika wakiitazama kabla ya mtu mwingine yeyote. Anayejitoa haulizwi sababu. Na msijidanganye kwa kuziba uso: kijijini mtu anajulikana kwa sauti, hata kwa jina la kanga aliyojifunga.

6. Onyesho: shuka jeupe, projekta, jenereta mbali, baada ya isha.

MASWALI

— Mkuu, kamera gani nzuri?
Mstari wa kwanza.

— Kila mtu akikata anachotaka si inakuwa video ya harusi?
Bibi harusi hakosi soko kesho yake. Yule mama nilimtoa, nikaweka mizani tu na mikono inayopima. Waliotazama walinyamaza kuliko mwanzo.

— Shikamoo mwalimu. Asiyejua kusoma nimfanyeje na karatasi?
Marahaba. Iache karatasi, rekodi sauti. Mwambie akueleze yeye filamu itakwenda wapi na nani ataiona. Akikosea, ni wewe hukueleza vizuri, rudia. Bibi wengine Kidigo ndicho kinawatoka, tafuta mjukuu wa kukalimani, ila asiwe wa mwenyekiti. Nakala ya filamu ibaki kwenye kikundi.

— Unawalipa?
Nafidia muda, maana bamvua ni siku ya kazi. Kiasi kimoja kwa wote, mbele ya wote. Maneno sinunui.

— Nyongeza: chumvi ikikaukia kwenye lenzi usiisugue, inakwaruza. Lowesha kitambaa maji baridi (yasiyo na chumvi) kwanza.
Ahsante sana. Mimi nilishaua lenzi moja Kigombe kwa pindo la shati.

— Projekta ya kukodi Pangani ipo?
Mwenye nayo amjibu. Jenereta ninayo, mafuta juu yako.