Kupiga filamu fupi ya upweke mjini Unguja, kwa simu yako

Wengi wakitaka kuonyesha upweke humkalisha mtu ufukweni anatazama bahari. Nakuomba usifanye hivyo. Upweke wa mji huu umo ndani ya salamu. Mpitishe mhusika wako uchochoroni asubuhi: muuza chapati, jirani, mzee wa barazani, wote wanamuuliza hali, naye anajibu "alhamdulillah" huku anapita. Hapana anayesimama. Mtazamaji ataelewa bila ya kuambiwa.

Halafu mpandishe daladala yenye mabenchi ya kukabiliana, magoti kwa magoti. Kisa kiwe kidogo mno. Pale Darajani anaingia mama na mifuko ya sokoni, mikono imemjaa, anampakatisha mwanawe mhusika wako, bwana asiyemjua. Kwetu ni jambo la kila siku, ndiyo maana nalipenda. Kufika Michenzani mtoto keshalala. Kituo cha Amani, mama anamchukua, anashukuru, anashuka. Wasikutane tena. Wakipeana namba za simu, basi tena.

Anza kupiga picha ya mkono wa yule bwana, uso baadaye. Mkono mkubwa usiojua pa kukaa. Gari inaruka shimo, mkono unawahi kukinga kichwa cha mtoto kisigonge chuma, kisha haurudi ulikotoka. Hapo usikate. Utaona picha imekaa muda mrefu, utatamani kuifupisha. Iache.

Simu iweke fremu 25 kwa sekunde, shata (muda wa kuingiza mwanga katika kila fremu) 1/50 ya sekunde. Umeme wetu ni wa hezi 50, na ukienda kinyume, taa za tyubu za madukani zitachezacheza kwenye picha. Panda gari saa kumi na moja jioni, kwani kiza huku huingia haraka. Sauti irekodi kwa simu ya pili: injini, konda anaita abiria, vikombe vya muuza kahawa vikigonganishwa. Muziki wa huzuni siweki kabisa, unamsemea mtu aliyenyamaza.

Kibali kishughulikie mapema, zungumza na dereva, lipia kila kiti mnachokalia. Mzazi wa mtoto awepo muda wote, na abiria asiyetaka sura yake ionekane aheshimiwe.

Ukimaliza kuhariri, kabla ya kuipeleka ZIFF, tamasha la kimataifa la filamu la Zanzibar, waonyeshe watu wa barazani bila ya kuwaeleza kitu. Waache wakuhadithie wao yule bwana ana nini. Pale watakaposita wote, rudi ukapapunguze.