Namna ya Kuitazama Filamu ya Kitamil ya Kisasi: Mfano wa Indian ya Mwaka 1996

Mtazamaji aliyekulia picha la Kihindi ana mazoea yake: humtafuta stelingi, humtambua adui, kisha husubiri siku watakapokutana. Mazoea hayo hayatoshi kwa filamu za Chennai, mji wa sinema ya Kitamil kusini mwa India, zinazomhusu raia anayejichukulia sheria mkononi, kwa kuwa humo adui si mtu mmoja mwenye jumba la kifahari na walinzi, bali ni karani, daktari na mkaguzi wa magari, watu ambao raia hukutana nao kila anapohitaji muhuri. Mwongozo huu unaitumia Indian, filamu iliyoongozwa na Shankar na kutolewa Mei 1996, na siwezi kuieleza ipasavyo bila kuufichua mwisho wake.

Anza kwa kuchagua nakala. Filamu ilitafsiriwa kwa Kihindi ikaitwa Hindustani, na kwa Kitelugu ikaitwa Bharateeyudu, lakini chukua ile ya Kitamil yenye maandishi ya tafsiri chini ya picha, hata kama Kihindi kinakupanda kidogo, kwa sababu sehemu ya maana yake imo katika namna watu wanavyoitana. Muuaji anayesakwa na dola ni mzee wa umri wa babu, na watu humwita hivyohivyo, "thatha". Ukilisikia neno hilo kwa masikio yako mwenyewe utaelewa haraka kwamba umma umeshamfanya mzee wao. Tenga saa tatu na dakika chache. Ikiwa muda haukutoshi, igawe pale penye mapumziko ya sinema, ambapo waandishi wa India hupanga kwa makusudi hadithi ikatike.

Kabla hujabonyeza kitufe, yaweke majina mawili kichwani. Baba, ndiye yule mzee muuaji, anaitwa Senapathy, neno lenye maana ya kamanda wa jeshi, naye alipigana dhidi ya Waingereza katika Jeshi la Taifa la India chini ya Subhas Chandra Bose, jeshi ambalo Watamil wengi waliokuwa vibarua Malaya walijiunga nalo. Mwanawe anaitwa Chandrabose, ambaye wote humwita Chandru. Mzee alimpa mtoto jina la kiongozi wake wa vita, na mtoto huyo akaja kuishi kwa hongo. Wote wawili wanaigizwa na Kamal Haasan, aliyepata Tuzo ya Taifa ya Filamu ya India kwa kazi hiyo, na ni vyema kulikumbuka jambo hili kila mara baba na mwana wanapotokea, kwa sababu sura ni moja iliyokataa kuwa mtu mmoja.

Usiviruke vichekesho. Watazamaji wengi hupeleka mbele sehemu za wachekeshaji Goundamani na Senthil wakizifuata ngumi, ilhali uchunguzi mkali zaidi wa filamu umo humohumo, katika ofisi ya leseni na ukaguzi wa magari ambako Chandru anaanza kazi nje ya geti akiwa kishoka wa kawaida kabisa. Tazama karatasi zinavyotoka mkono huu kwenda mkono ule, angalia nani anapokea bila kuinua macho, na ujiulize unacheka nini. Kwa maoni yangu Shankar ni fundi zaidi hapa kuliko katika milipuko yake.

Nyimbo ni suala jingine, na hapa nitakuruhusu uchague. Ule uliopigwa Australia, wenye simu na kangaruu, unaweza kuuacha upite ukiwa unapasha chai. "Kappaleri Poyaachu" usiuache: muziki ni wa A. R. Rahman, nao umo katika kumbukumbu za kupigania uhuru, ukiimba kuwa mtawala amekwishapanda meli na kuondoka. Furaha hiyo ndiyo deni ambalo mzee anakuja kulidai kwa damu miaka mingi baadaye.

Zinapofika sehemu za mauaji, tazama mikono. Senapathy hutumia varma kalai, sanaa ya mapigano ya kusini mwa Tamil Nadu inayolenga sehemu nyeti za mwili. Vidole vyake viwili vinagusa tu, na mtu mwenye nguvu anabaki hajiwezi. Kisu chake kimefichwa katika mkanda. Usihesabu maiti, hesabu kila marehemu aliomba nini na kwa nani. Ukifika kwa daktari anayeuawa mbele ya kamera ya televisheni, punguza kasi na usikilize kisa cha Kasturi, binti wa mzee, aliyeungua moto na kupelekwa hospitali, ambako daktari hakumhudumia bila hongo na baba yake hakuitoa. Kisasi kinazaliwa hapo, pamoja na swali gumu ambalo filamu hailijibu vizuri, la iwapo msimamo wa baba nao ulikuwa na sehemu katika kifo kile.

Kisha inakuja zamu ya Chandru, ambaye sasa ni mkaguzi wa magari. Anapitisha basi bovu, breki zinashindwa, na watoto wa shule wanakufa. Filamu nyingi za aina hii zingemtafutia mwana njia ya kuponea, ila hii inampeleka baba hadi uwanja wa ndege na kumfanya amalize kazi yake.

Ukitaka kulinganisha, itazame baadaye Anniyan ya mwaka 2005, ya mwongozaji huyohuyo, ambayo muuaji wake anachukua adhabu kutoka Garuda Purana, kitabu kitakatifu cha Wahindu. Iache kwa siku nyingine, maana Indian inachosha moyo. Na moto utakapowaka uwanjani, usizime televisheni: mzee ana simu ya kupiga kutoka nje ya nchi, na anayepokea ni Krishnaswamy, mpelelezi aliyekuwa akimsaka tangu mwanzo.