Somo: Namna ya kumpima mtoto kusoma na kuandika, na la kufanya ukishajua amekwama wapi

Walimu wenzangu na wazazi, habari za kazi. Somo hili niliahidi tangu likizo ya Juni, nikawa nalipiga kalenda. Leo nimekaa.

Nianze na aibu yangu. Mwaka wangu wa kwanza darasa la pili nilikuwa na watoto 90. Nilikuwa naandika aya ubaoni, nachukua rula, nagonga neno moja moja, darasa zima linaitikia. Sauti ilikuwa inafika ofisini. Kwenye andalio najaza: somo limefanikiwa. Siku moja nikamwita mbele kijana mmoja, ndiye aliyekuwa na sauti kuliko wote, asome ukurasa wa kitabu peke yake. Alisoma bila kukosea hata neno, macho yako dirishani. Nikafunika picha kwa kiganja, nikaweka kidole kwenye neno la katikati. "Hili je?" Kimya. Kumbe ukurasa mzima alikuwa ameukariri, na picha ndiyo iliyokuwa inamkumbusha aanzie wapi.

Kwa hiyo ninalowaomba ni moja: msikilize mtoto mmoja, peke yake, akisoma kitu ambacho hajapata kukiona. Yanayofuata ni jinsi ya kulifanya hilo ukiwa na darasa kama la kwangu.

HATUA YA 1. Andaa kipimo

Karatasi moja inatosha. Wanaoukumbuka upimaji wa Uwezo, ule wa nyumba kwa nyumba ulioanza 2009 Kenya, Tanzania na Uganda, watazitambua ngazi zake: silabi, maneno, aya, hadithi. Wazo lenyewe lilitoka India, kwenye upimaji wa ASER wa 2005. Kipimo ni cha kiwango cha darasa la pili hata kama unayempima yuko la sita, na hapo ndipo watu hushtuka.

Changu kina vipande vitatu, kimeandikwa kwa mkono, herufi za kuonekana, bila picha:

Silabi: ma, te, ku, nda, mbe, nya, cho, ng'o, mwa, gha.

Maneno: taa, mbuzi, nyumba, mtoto, ng'ombe, ndizi, chakula, kwao.

Aya: "Asha aliamka mapema. Alichukua ndoo akaenda kisimani. Njiani alikuta mbwa amelala. Asha aliogopa, akasimama. Mbwa akaamka, akatikisa mkia. Asha akacheka, akaendelea na safari. Alipofika kisimani, maji yalikuwa machache."

Ni maneno 28. Maswali matatu: Asha alichukua nini? Kwa nini alisimama? Kwa nini alicheka? Hilo la tatu jibu lake halijaandikwa popote, na nimelitega makusudi.

HATUA YA 2. Waite mmoja mmoja

Watoto watano kwa siku, wenzao wakiwa wananakili. Darasa la 90 linaisha kwa siku 18 za shule. Kaa ubavuni kwa mtoto, usikae mkabala naye kama hakimu, na fimbo iache ofisini. Anza na aya. Ikimshinda shuka kwenye maneno, yakimshinda shuka kwenye silabi. Ukianzia chini unamchosha anayejua.

Usimsahihishe. Hili ndilo gumu kuliko yote, kwa sababu mdomo wa mwalimu unawasha. Akikwama hesabu moyoni hadi tano, kisha mwambie aruke.

HATUA YA 3. Andika alichosema

Usiweke tiki na mkasi tu. Juu ya neno andika kile kilichotoka mdomoni mwake, kama kilivyo. "Akatikisa" ameisema "akakitisa", andika hivyo. Amerudi nyuma akajisahihisha mwenyewe, weka mshale; huo mshale ni habari njema, maana yake anasikiliza anachosoma.

HATUA YA 4. Yasome makosa

Hapa ndipo penye kazi, na ndipo wengi wetu tunaporuka tukakimbilia asilimia.

"Mbwa" ikawa "bwa", au "ndoo" ikawa "doo": hajazoea konsonanti zinazokaa pamoja. Tatizo hili kwetu lina mtego wake. Chukua mbuga, mbunge na mbu. Zote zinaanza na herufi zilezile tatu, lakini mbuga ni mbu-ga, mbunge ni m-bu-nge, na mbu ni m-bu. Hakuna kanuni ya ubaoni itakayomsaidia mtoto wa miaka saba. Anahitaji kulijua neno kwa sikio kwanza. Kwa hiyo anayesoma "mu-ki-a" penye mkia usimpe adhabu ya kuandika mara hamsini. Mpigishe makofi: m, ki, a.

"Akaamka" ikawa "akamka": anameza irabu ya pili. Mpe jozi za kulinganisha, paa na pa, kaa na ka, choo na cho.

"Akacheka" ikawa "akachoka": anaona mwanzo na mwisho, katikati anakisia. Huyu ni hatari kwa sababu anasikika kama msomaji mzuri. Dawa yake ni kadi zenye maneno yanayofanana: cheka, choka, cheza, chota.

"Alipofika" ikawa "alifika": hili mimi halinisumbui sana. Maana anayo, ameruka -po- tu.

"Safari" ikawa "safali": muulize safari ni nini. Akikuambia ni kwenda mbali, basi amesoma sawasawa, ni lugha ya nyumbani inayozungumza. Usilihesabu kosa hilo. Nimeona watoto wakishushwa darasa kwa l na r, na waliowashusha wenyewe wanasema "mwarimu".

Kuhusu kasi: tafadhali msichukue viwango vya Kiingereza vya maneno kwa dakika mkavibandika kwenye Kiswahili. "Walipomkuta" ni neno moja kwetu. Mwingereza anahitaji manne. Mtoto anayesoma maneno machache kwa dakika kwa Kiswahili huenda amebeba mzigo uleule.

HATUA YA 5. Imla

Kusoma kunaonyesha nusu. Siku nyingine wasomee yale maneno manane waandike. Aliyeandika "buzi", "numba" na "gombe" amekuambia kwa kalamu kilekile alichokuambia aliyesoma "bwa" kwa mdomo. Aliyeandika "zbiu" bado hajajua kwamba herufi zinafuata sauti kwa mpangilio. Hao wawili wote wamepata sifuri, lakini wako mbali kabisa mmoja na mwenzake.

HATUA YA 6. Panga makundi, fundisha

Kwa ngazi, si kwa umri wala kwa dawati. Pratham, shirika lile lile la India lililo nyuma ya ASER, wamefanya hivyo miaka mingi. Wa silabi: kadi za maboksi ya sabuni, wanaunganisha silabi mbili kupata neno lenye maana, dakika 20 kila siku. Wa maneno: sentensi fupi, na hadithi zao wenyewe. Hii ya mwisho ndiyo niipendayo. Mtoto anasimulia jambo la jana, unaandika vilevile alivyosema, kisha anasoma maneno yake. Mmoja aliniambia, "Jana kuku wetu kaingia kwenye chungu cha maharage." Sentensi hiyo ilisomwa na kundi zima wiki nzima bila kuchoka. Wa aya: wape vitabu, maswali, na nafasi. Hadithi za bure za Kiswahili zipo kwenye tovuti ya African Storybook. Unazichapa au unazinakili kwa mkono.

Makundi yasiwe jela. Baada ya wiki nne pima tena kwa aya nyingine, hamisha.

MASWALI YA WANACHAMA

Mwalimu, Kahama: Nina 140 na niko peke yangu. Hao watoto wako watano kwa siku ni ndoto.

Jibu: Pole sana mwalimu. Anza na imla kwa wote siku moja, ndiyo chekeche yako. Walioandika vizuri maneno yote manane waache kwanza. Waite walio chini. Ukishawajua, wanaojua wakae na wasiojua kusomeana kwa zamu. Ila kupima usimwachie mtoto, atamnong'oneza rafiki yake majibu.

Mzazi, Kilifi: Wangu yuko gredi ya pili. Kiingereza anakisoma, Kiswahili kinamshinda. Nimtafutie tuisheni?

Jibu: Hapana mama, hela yako iweke. Mwandikie "pole", "mate" na "same" uone. Akizisoma kwa Kiingereza, kinachomkwamisha ni irabu tu. Kiswahili kina irabu tano na kila moja ina sauti moja, haibadiliki popote ilipo. Kaa naye jioni na a, e, i, o, u kwa wiki mbili. Kusoma anakujua tayari, anahamisha tu.

Mwanachama, Morogoro: Sisi tuliimba ba be bi bo bu na wote hapa tunasoma. Haya mambo mapya yanawachanganya watoto.

Jibu: Ndugu yangu, waliokwama kwa wimbo huo hawamo humu kutujibu. Wimbo wenyewe siukatai, kwa Kiswahili unafaa hasa kwa sababu tunaandika tunavyotamka. Ubaya ni pale unapoimbwa kwa mpangilio mmoja mwaka mzima. Changanya: bo, bu, ba, bi. Atakayeduwaa umempata.

Mzazi, Tanga: Mwanangu ana miaka 7, anageuza b na d. Ni ugonjwa?

Jibu: Kwa umri huo ni kawaida. Usizifundishe siku moja. b ina mgongo kisha tumbo, d inatanguliza tumbo. Achore kwa kidole mchangani huku akitaja. Lakini angalia pia macho: akinakili ubaoni anasogea mbele? Anakunja uso? Mpeleke akapimwe macho na masikio kabla hujasema lolote kuhusu akili yake. Ikiendelea hadi miaka tisa na kusoma kwenyewe hakuendi, tafuta mwalimu wa elimu maalumu.

Mwalimu, Sumbawanga: Ninaye anayesoma aya yote mbio, halafu maswali matatu yote hajibu.

Jibu: Mrudie maswali kwa lugha ya kwao kama unaijua. Akijibu, shida ni msamiati wa Kiswahili, na hiyo inatibiwa kwa mazungumzo na hadithi za kusikiliza. Asipojibu, anatamka silabi bila kulivunja neno kwa maana. Mwonyeshe: a-li-po-fika, nani, lini, alifanya nini. Halafu msimamishe kila sentensi akueleze imetokea nini. Swali la tatu ndilo litakuonyesha amefika. Mtoto mmoja alinijibu, "Mbwa mkali hatikisi mkia, anabweka." Siku hiyohiyo nilimhamisha kundi.

Mwanachama, Moshi: Hiyo aya ya kupimia mara ya pili unayo? Tusije tukatunga ngumu kuliko ya kwanza.

Jibu: Hii hapa, nayo ina maneno 28: "Baba alinunua mbuzi mweupe. Usiku mvua ilinyesha. Asubuhi zizi lilikuwa wazi. Juma alifuata nyayo kwenye tope hadi shambani. Mbuzi alikuwa amesimama katikati ya mahindi, anatafuna. Jirani akaja amenuna." Uliza: Mbuzi ni wa rangi gani? Juma alijuaje mbuzi alikopita? Kwa nini jirani alinuna?