Namna ya Kulifuatilia Jina Luigi Ukiwa Moshi

Katika familia za Kikatoliki za Kibosho, Kilema au Rombo si ajabu kumkuta babu aitwaye Ludovick akila na mjukuu wake Aloyce, na asiwepo hata mmoja mezani anayefahamu kwamba wawili hao ni somo, kwa kuwa majina yao yametoka katika shina moja ambalo Mwitaliano hulitamka Luigi. Mwongozo huu unamhusu mtu anayetaka kulifuatilia jina hilo, ama kwa sababu ni lake mwenyewe, ama kwa sababu anakusudia kumpa mtoto wake.

Usianzie Italia, anzia parokiani. Omba ofisi ya parokia ulikobatizwa wewe au alikobatizwa babu yako ikusomee kitabu cha ubatizo, kwa maana zamani mapadre waliandika majina kwa Kilatini, na huko utakuta Aloysius au Ludovicus hata kama nyumbani mtu aliitwa kwa namna nyingine kabisa. Wamisionari wa Shirika la Roho Mtakatifu, waliofika Kilema mwanzoni mwa miaka ya 1890, walitoka Ufaransa wala si Italia, na ndiyo sababu mtu wa mlimani ni nadra kuitwa Luigi ingawa jina lenyewe analo.

Ukishapata umbo la Kilatini, rudi nyuma hadi kwa Wafranki, watu wa kabila la Kijerumani waliotawala nchi ambayo leo ni Ufaransa. Wao walikuwa na jina Hludwig, lililoundwa kwa maneno mawili, la kwanza likimaanisha sifa au umaarufu na la pili likimaanisha vita. Mfalme wao Clovis, aliyefariki mwaka 511, alikuwa na jina hilohilo. Kwa Wafaransa likawa Louis, kwa Wajerumani Ludwig, na Waitaliano wakapata Ludovico na Luigi, huku watu wa Venice wakiwa na lao, Alvise. Umbo la Aloysius, ambalo kwetu limezaa Aloyce na Aloisi, lilipitia lugha ya kusini mwa Ufaransa.

Wengi wakifika hapo huona kazi imekwisha, wakamwambia mtoto kwamba jina lake maana yake ni shujaa wa vita. Naona huko ni kulipunja jina, kwa sababu lililolifanya lipendwe na kuenea makanisani ni maisha ya kijana mmoja aliyeukataa upanga. Luigi Gonzaga alizaliwa tarehe 9 Machi 1568 huko Castiglione delle Stiviere, kaskazini mwa Italia, akiwa mtoto wa kwanza wa mtawala wa eneo hilo, na baba yake alimtayarisha tangu utoto awe askari. Mwaka 1585 alimwachia mdogo wake Rodolfo haki yote ya urithi, akaenda Roma kujiunga na Wajesuiti. Tauni ilipoingia mjini humo mwaka 1591, aliwabeba na kuwahudumia wagonjwa mpaka naye akaugua, akafariki tarehe 21 Juni akiwa na umri wa miaka 23 tu. Alitangazwa mtakatifu mwaka 1726, na Kanisa limemfanya msimamizi wa vijana. Hiyo ndiyo habari ninayotamani kila Aloyce asimuliwe kabla ya kipaimara.

Hatua inayofuata ni kumtambua mtakatifu somo, kwani wapo zaidi ya mmoja. Aloyce husherehekea tarehe 21 Juni. Ludovick kwa kawaida huangukia tarehe 25 Agosti, sikukuu ya Mfalme Louis wa Tisa wa Ufaransa, lakini ni vema kuwauliza wazazi walimkusudia nani. Italia sikukuu ya mtakatifu somo huitwa onomastico, na mwenye jina hupongezwa na ndugu na marafiki karibu kama siku ya kuzaliwa.

Kama unachagua jina la mtoto, fahamu kwamba Italia, hasa kusini, desturi ilikuwa mtoto wa kwanza wa kiume kupewa jina la babu mzaa baba, na wa pili la babu mzaa mama. Mchaga anayemwita mwanawe jina la babu hataiona desturi hiyo kuwa ngeni. Ukipenda umbo la Kiitaliano, litamke Lu-i-ji, ukikaza silabi ya pili kutoka mwisho kama tufanyavyo katika Kiswahili. Nyumbani Waitaliano hulifupisha kuwa Gigi au Gino. Kisha amua tahajia moja, iwe Luigi, Aloyce au Aloisi, na uhakikishe kwamba cheti cha kuzaliwa, cheti cha ubatizo na fomu ya shule vinafanana herufi kwa herufi, maana kutofautiana kwake humsumbua mtoto anapofika wakati wa mitihani na kitambulisho cha taifa.