Kibarua wa kaunti, anza na daftari

Nilifagia soko la kaunti miezi 14, tangu Februari 2021 hadi mwisho wa Machi 2022. Saa kumi na mbili asubuhi hadi saa tano, siku sita kwa wiki, Sh400 kwa asubuhi. Siku moja nyapara akaita majina, langu akaliruka. Nilipomuuliza akasema, "Mama, wewe ni kibarua, tena wa nusu siku. Huna unachodai." Jina la kaunti yenyewe silitaji. Ila maneno hayo huyasikia kina mama wengi, na si kweli. Ndiyo maana naandika.

Kwa Sheria ya Ajira ya Kenya ya 2007, kibarua ni mtu anayelipwa jioni ya siku yake na asiyechukuliwa kazini kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Kifungu cha 37 kinasema ukifanya kazi siku mfululizo zikafika mwezi, au ukipewa kazi isiyoweza kumalizika chini ya miezi mitatu, unahesabiwa kuwa mwajiriwa wa mshahara wa mwezi. Soko halimaliziki kufagiwa. Na sheria hiyo inaibana serikali kama inavyombana mwenye duka.

Hiyo "nusu siku" isikutishe. Kifungu kinahesabu siku, hakihesabu saa. Tena ukimaliza siku sita mfululizo, ya saba ni ya mapumziko yenye malipo, nayo inaingia kwenye hesabu pamoja na sikukuu. Mtu asikuambie Jumapili imekukatia mfululizo.

Sasa daftari. Langu lilikuwa la shule, la kurasa 32, nikalipiga mistari kwa rula ya mwanangu: tarehe, saa ya kuingia, saa ya kutoka, sehemu niliyofagia ("kwa samaki", "kwa mboga", "nyuma ya choo"), nyapara wa siku hiyo, pesa na siku zilipoingia. Kurasa za Juni zina madoa ya maji ya samaki. Afisa wa leba alizipitia moja moja kwa kidole, akazilinganisha na taarifa yangu ya M-Pesa, tarehe kwa tarehe. Andika siku ileile. Daftari lililojazwa usiku mmoja kwa kalamu moja hujionyesha. SMS za nyapara usizifute, hata zile za "kesho njoo mapema".

Kukosa barua ya ajira kusikuvunje moyo. Kuandika mkataba ni wajibu wa mwajiri, na kesi ikifika mbele asiweze kuutoa, mzigo wa kuthibitisha au kukanusha masharti unayodai ni wake.

Kuwa macho na "pumzika wiki mbili, tutakuita". Hapo mfululizo unakatwa. Andika tarehe, aliyekuambia, na nani kashika ufagio wako kesho yake. Akiwepo mtu pale, basi kazi haikuisha.

Ukishatimiza miezi miwili mfululizo, dai haya: notisi ya maandishi ya siku 28 au malipo yake, likizo ya siku 21 kwa mwaka, na ukiachishwa katikati ya mwaka, siku moja na robo tatu za likizo kwa kila mwezi uliokamilika; tena na malipo ya siku za mapumziko ambazo hukulipwa. Likizo yangu peke yake ilifika siku 24 na nusu, yaani Sh9,800. Ulizia pia NSSF, mfuko wa akiba ya uzeeni: kama ulikatwa, pesa zilifika huko?

Kitu kimoja nakuomba ukielewe vizuri, kwa sababu kimewaumiza wenzangu. Kifungu cha 37 hakikufanyi mwajiriwa wa kudumu wa kaunti mwenye pensheni. Nafasi hizo hutangazwa na bodi ya utumishi wa umma ya kaunti na watu wakazishindania. Ukilidai hilo, dai lako lote linadhoofika.

Anza kwa barua, nakala mbili. Peleka masjala, nakala yako igongwe mhuri, na usiondoke bila mhuri huo. Wakinyamaza, nenda afisi ya leba. Malalamiko ya kuachishwa yafike huko ndani ya miezi mitatu, kwa hiyo usikae ukingoja kuitwa. Mahakamani una miaka mitatu, na kwa mshahara usiozidi Sh80,000 kwa mwezi kesi husikizwa na hakimu, si lazima ufunge safari hadi Mahakama ya Ajira.

Yangu yaliishia afisi ya leba, kikao cha pili. Walilipa notisi, likizo na Jumapili zangu. Kazini sikurudi. Cheti cha utumishi, ambacho ni haki ya yeyote aliyepita wiki nne, nilikifuata mara tatu, na mara ya tatu nilikaa kwenye benchi la masjala hadi saa tisa. Kimeandikwa jina langu kamili, kazi ya usafi, sokoni, na tarehe mbili. Hizo tarehe nilizilinganisha na daftari kabla sijatia saini.