Ruzuku ya chaja za magari ya umeme Marekani: anza na nguzo ya umeme, fomu baadaye

Mimi ni fundi umeme hapa Ohio, na kwa miaka michache sasa kazi yangu kubwa ni kufunga chaja za kasi kwenye vituo vya mafuta kando ya barabara kuu. Wateja wangu wengi ni ndugu zetu, Wakenya, Watanzania na Wakongo walionunua kituo cha mafuta au moteli ndogo, kisha wakasikia kwamba serikali inalipa hadi asilimia 80 ya gharama. Ni kweli, inalipa. Ila nimewaona watu wakipoteza mwaka mzima kwa kuanzia mwisho, na inaniuma kila mara kwa sababu wengi wao walikuwa na eneo zuri kuliko waliopewa fedha. Utaratibu ninaoufuata mimi ni huu.

Kabla ya yote: fedha zinatoka wapi

Novemba 15, 2021, Rais Joe Biden alitia saini sheria ya miundombinu iliyotenga dola bilioni 7.5 kwa ajili ya chaja za magari. Bilioni 5 ni za mpango unaoitwa NEVI. Hizi hugawiwa majimbo yote kwa fomula, kuanzia mwaka wa fedha 2022 hadi 2026. Bilioni 2.5 zilizobaki ni za mpango wa CFI, zilizowekwa zishindaniwe na majimbo, miji, kaunti na serikali za makabila ya wenyeji. Wewe mwenye kituo, mlango wako ni NEVI. Usiandikie Washington. Fedha zinakwenda kwa idara ya uchukuzi ya jimbo lako, na idara hiyo ndiyo inayotangaza zabuni. Kwa miaka mitano Texas ilipangiwa takriban dola milioni 407, California milioni 384, Ohio milioni 140. Kituo cha kwanza nchini kujengwa kwa fedha hizi kiliwashwa hapa kwetu Desemba 2023, kwenye barabara ya I-70 magharibi mwa Columbus, karibu na mji mdogo uitwao London.

Februari 2025 serikali mpya ya Rais Trump ilisimamisha mipango ya majimbo yote. Majimbo kadhaa yakaenda mahakamani, na mwezi Juni jaji wa Seattle akaamuru fedha za majimbo 14 zisizuiliwe. Agosti 2025 ukatoka mwongozo mpya, mfupi na uliolegezwa, na majimbo yakatakiwa kuwasilisha mipango upya. Kwa hiyo ukipewa na rafiki faili la maombi la 2023, lisome kwa faida yako, lakini usilinakili. Tafuta mpango wa sasa wa jimbo lako, uusome wote.

Hatua ya 1: angalia kama eneo lako linafaa

Sheria inaanza na barabara zilizotangazwa kuwa njia za nishati mbadala, na nyingi ni zile kubwa zenye herufi I. Kanuni ya awali ilitaka kituo kila baada ya maili 50, na kisiwe mbali zaidi ya maili 1 kutoka njia ya kutokea. Mwongozo wa Agosti 2025 umeyapa majimbo nafasi ya kupanga umbali yenyewe, lakini majimbo mengi yalishachora ramani zao kwa kipimo kile, kwa hiyo bado kinakusaidia kukisia. Fungua ramani ya vituo ya Wizara ya Nishati, tafuta barabara yako, upime pengo lililopo kati ya chaja za kasi. Kama umekaa katikati ya pengo, endelea. Kama jirani yako ana chaja nne za kasi ng'ambo ya barabara, subiri awamu ambayo jimbo litakuwa limemaliza barabara kuu na kuanza kupeleka fedha mijini na vijijini.

Hii ni kazi ya jioni moja. Inayofuata ndiyo itakayokula miezi.

Hatua ya 2: nenda kampuni ya umeme

Kanuni za NEVI (ziko katika kanuni za serikali kuu, sehemu iitwayo 23 CFR 680) zinataka angalau chaja nne, kila moja ikiweza kutoa kilowati 150 huku nyingine tatu zikifanya kazi. Jumla ni kilowati 600. Kwa umeme wa fezi tatu wa volti 480, hizo ni ampea 722. Na kwa kuwa kuchaji gari ni mzigo wa mfululizo, kanuni za umeme zinataka uongeze robo, ukafika ampea 900 na ushei. Duka la kawaida la kituo cha mafuta lina ampea 200 au 400. Maana yake hutaongeza swichi kwenye bodi uliyonayo. Unahitaji laini mpya, transfoma mpya na bodi mpya.

Miaka miwili iliyopita alinijia mzee mmoja wa Bukavu mwenye kituo kando ya barabara kuu. Fomu zake zilikuwa safi, zimechapwa vizuri, na picha za eneo zimo.

"Papa, kampuni ya umeme wamesemaje?" nikamuuliza.

"Hao tutawaita tukishinda."

Alishinda. Ndipo ikaja kujulikana kwamba waya wa fezi tatu ulikuwa umeishia karibu nusu maili kutoka kwake, na gharama ya kuuvuta haikuwa kwenye bajeti yake hata senti. Alijitoa, na jimbo likampa aliyemfuata kwenye orodha.

Andika barua ya kuomba mzigo mpya, taja kilowati 600, ambatanisha mchoro wa kiwanja, kisha uombe majibu ya maandishi kwa maswali haya. Laini ya fezi tatu iliyo karibu iko wapi, na ina nafasi? Nani analipia kuivuta? Transfoma itachukua muda gani kufika? (Tangu janga la korona transfoma zimekuwa adimu. Kusubiri mwaka mzima si ajabu, na tarehe ya mwisho ya jimbo haisubiri transfoma.) Kuna bei maalumu kwa vituo vya kuchaji? Na je, kampuni yenyewe ina mpango wa kulipia sehemu ya mitambo ya kuandaa eneo? New York, kwa mfano, ilianzisha mpango wa aina hiyo mwaka 2020. Barua yao ya majibu itunze, maana nitakuambia uiweke ukurasa wa mbele wa maombi yako.

Hatua ya 3: piga hesabu ya bili kabla ya kupiga hesabu ya faida

Kwenye bili ya umeme kuna tozo ya kilele. Wale waliowahi kuendesha mashine za kiwanda kule nyumbani Afrika Mashariki wanaijua, kwa sababu TANESCO na Kenya Power nao huwatoza wateja wakubwa kwa kilele cha matumizi ya mwezi. Hapa Marekani mita hushika kwa kawaida dakika 15 za matumizi ya juu kabisa katika mwezi, na bei ya kila kilowati ya kilele hicho unailipa hata kama hakikurudi tena.

Chukua mfano. Tuseme tozo ni dola 12 kwa kilowati. Siku moja magari mawili yanachaji pamoja kwa kasi kamili, kilowati 300, kwa robo saa. Umeshadaiwa dola 3,600. Ikiwa mwezi huo uliuza kWh 5,000 tu (yaani uniti 5,000 za umeme), tozo peke yake imekuwa senti 72 kwa kila kWh, na bado hujalipia umeme wenyewe. Hakuna dereva atakayekubali bei hiyo wakati nyumbani kwake anachaji kwa bei ya chini sana. Hapa ndipo vituo vipya vinapokufa, hasa vile vya barabara zisizo na magari mengi. Ruzuku inajenga kituo, lakini bili ya kila mwezi ni yako.

Dawa zake ni mbili. Kwanza, bei maalumu ya magari ya umeme niliyoitaja. Makampuni mengi yanayo, mara nyingi yakipunguza au kuahirisha tozo ya kilele kwa miaka ya mwanzo. Pili, betri kubwa ya kiwanjani inayojazwa taratibu na kusaidia pale magari yanapokutana. NEVI inakubali kugharimia vifaa vya namna hiyo vikithibitika kupunguza gharama. Usifikirie kupunguza kasi ya chaja ili kukwepa kilele. Kila moja lazima iweze kutoa kilowati 150.

Hatua ya 4: fedha yako mwenyewe

Angalau asilimia 20 ni yako au ya mwenzako wa biashara. Mradi wa dola 900,000, kwa mfano, unakudai 180,000. Hilo watu wanalielewa. Wasichokielewa ni kwamba hata zile 720,000 huzipati mapema. Huu ni mpango wa kurudishiwa: unalipa, unapeleka risiti, jimbo linakagua, ndipo linakurudishia. Majimbo mengine hulipa kwa awamu kadiri kazi inavyofika hatua fulani. Soma tangazo ujue la kwako ni lipi, kisha nenda benki na barua ya tuzo mkononi utafute mkopo wa muda mfupi.

Kulikuwa pia na nafuu ya kodi iitwayo 30C, hadi asilimia 30 ya gharama na isiyozidi dola 100,000 kwa chaja, kwa maeneo ya vijijini au ya kipato cha chini. Sheria ya Julai 2025 imeikatisha: chaja iliyowashwa baada ya Juni 30, 2026 haihesabiki. Muulize mhasibu wako kama ulikuwa ndani ya muda, na namna nafuu hiyo inavyokaa pamoja na ruzuku.

Hatua ya 5: peke yako au na mwenza?

Majimbo hutoa alama kwa uzoefu, na mwenye kituo kimoja mara nyingi hana. Njia ya kawaida ni kampuni ya chaja iombe, wewe utoe kiwanja. Mwongozo wa 2025 unahimiza mwenye eneo awe ndiye mmiliki wa chaja, kwa hiyo una nguvu ya kujadiliana kuliko zamani. Itumie.

Kabla hujatia saini mkataba wa kiwanja, hakikisha umeandikwa wazi: nani analipa bili ya umeme pamoja na ile tozo ya kilele, unalipwa kodi ya mwezi au sehemu ya mauzo, nani anamiliki mitambo miaka mitano ya uendeshaji ikiisha, nani ataiondoa na kuziba lami. Kama kiwanja ni cha kupanga, mwenye ardhi atie saini. Kama kina mkopo, benki iliyokukopesha iridhie. Nimeona mkataba wa kurasa 30 usiosema neno moja juu ya bili ya umeme.

Hatua ya 6: maombi

Pata namba ya utambulisho ya UEI kwenye tovuti ya SAM.gov. Ni bure. Ukipigiwa simu na mtu anayetaka dola mia kadhaa ili "akuandikishe", kata simu. Kisha panga bahasha yako: barua ya kampuni ya umeme mbele, mchoro wa kiwanja, bajeti, ratiba, uzoefu wa mkandarasi. Eleza kwa ukweli dereva atapata nini wakati gari linachaji: choo kilicho wazi usiku, taa, chakula, mahali pa kukaa mvua ikinyesha. Vituo vya barabara kuu lazima viwe wazi saa 24, siku zote saba.

Hatua ya 7: usinunue hata skrubu

Barua ya tuzo si ruhusa ya kuanza. Gharama yoyote uliyoingia kabla ya idhini rasmi ya serikali kuu hairudishwi, na ukichimba mtaro kabla ya ukaguzi wa mazingira kukamilika unaweza kuharibu mradi mzima. Najua mkono unawasha, hasa muuzaji wa chaja akikupigia kusema bei inapanda wiki ijayo. Ngoja idhini iandikwe.

Ukishaipata, agiza chaja zilizokidhi masharti ya kutengenezwa Marekani. Lazima ziwe zimeunganishwa kiwandani hapa Marekani, na tangu Julai 2024 angalau asilimia 55 ya thamani ya vipuri vyake iwe ya hapa. Dai cheti kwa maandishi. Kila chaja iwe na plagi ya CCS, aina inayotumiwa na magari mengi yasiyo ya Tesla. Ile ya J3400, inayojulikana kwa magari ya Tesla, unaweza kuiongeza. Malipo yakubali kadi ya kugusa bila kumlazimisha mtu kujiunga na chochote, na bei ionyeshwe kwa kWh. Mafundi wawe na cheti cha EVITP (mafunzo ya kufunga chaja za magari ya umeme) au wametoka kwenye mafunzo ya uanagenzi yanayotambuliwa. Acha angalau nafasi moja pana kwa anayetumia kiti cha magurudumu, na usiweke nguzo ya kinga mahali ambapo kiti chake kinapita.

Hatua ya 8: baada ya kuwasha

Kila chaja lazima iwe hai asilimia 97 ya mwaka. Mwaka una dakika 525,600, kwa hiyo unaruhusiwa dakika 15,768, yaani karibu siku 11 kwa kila chaja. Umeme ukikatika upande wa kampuni, gari lenyewe likiwa bovu, wezi wakikata waya, dhoruba, au matengenezo yaliyopangwa, muda huo hauhesabiwi dhidi yako, lakini ni lazima uwe umeuandika. Weka daftari, hata la karatasi: tarehe, saa, chaja namba ngapi, tatizo gani, fundi alifika lini. Wezi wa shaba wanapenda nyaya hizi, kwa hiyo kamera iangalie chaja, si pampu peke yake. Nunua waya wa akiba mapema, kwa sababu kuusubiri kutoka kiwandani kunaweza kumaliza siku zako zote 11 kwa mkupuo mmoja.

Takwimu hupelekwa kila robo mwaka: magari mangapi, kWh ngapi, muda gani chaja ilikuwa imezimika. Kampuni ya programu ya chaja zako inaweza kuzituma moja kwa moja. Waombe wakufanyie majaribio ya kutuma kabla robo ya kwanza haijaisha, na uangalie kwa macho yako kwamba chaja zote nne zimo kwenye ripoti.