Namna ya kuchimba korongo la kichawi kwa ajili ya meza ya hadithi

Kwenye meza yetu ya michezo ya hadithi hapa Kirumba, Mwanza, ambapo mmoja anasimulia nchi ya kubuni na wengine wanaigiza watu waliomo, kijana akipewa zamu ya kubuni nchi yake, mara nyingi huanza na korongo. Na korongo lenyewe halina mwisho, lina moto chini, linameza kila anayelisogelea. Wachezaji wanasikiliza, wanaitikia, wanazunguka mbali. Limekosa kazi. Mimi nataka uchimbe lile watakalokaa ukingoni mwake nusu saa nzima wakibishana nani ashuke kwanza.

Anza na kina, ukipime kwa jiwe. Nafundisha jiografia, kwa hiyo hili nalisisitiza: jiwe likiachiwa, kwa sekunde 1 linashuka mita 5 hivi, kwa sekunde 2 mita 20, kwa sekunde 3 mita 44, kwa sekunde 4 mita 78. Ziwa Victoria lote hili, pale penye kina kirefu kabisa, ni mita 80 hivi. Lingekuwa kavu, sekunde nne tu, jiwe limefika sakafuni! Mchezaji akisema, "Nadondosha jiwe," usimjibu kwa maneno. Nyamaza, kunja vidole vinne polepole, kisha gonga meza. Kina kinachopimika kinawapa la kupanga: kamba urefu gani, taa ngapi, nani mzito abaki juu.

Kuta usizinyooshe kwa rula. Panda Mabatini au Bugando uangalie mawe ambayo nyumba zimeyaegemea. Hiyo ni miamba ya granaiti yenye umri wa zaidi ya miaka bilioni 2.5. Maji yaliingia kwenye nyufa, yakaila toka pembeni hadi kona zikaisha, yakabaki mabonge ya mviringo yaliyopandana, kama lile Jiwe la Bismarck pale ziwani. Ukingo wa mviringo unatisha kuliko ukingo mkali kwa sababu huoni unapoanzia. Unatembea tambarare, panainama kidogo, panainama tena, na mvua ikiwa imenyesha miguu haishiki.

Sasa uchawi, na hapa usiwe na haraka. Uchawi wa korongo uwe na sharti moja lisilopindishwa, kwa mfalme na kwa mchunga mbuzi sawasawa. Sharti la Ufa wa Nyahozi, korongo la nchi yetu ya mezani, tulilichota kwa wavuvi wa dagaa. Wavuvi wanaingia ziwani usiku wa giza, wanawasha taa juu ya maji, dagaa wanapanda kuufuata mwanga, wavu unawazunguka. Mwezi ukiwa mpevu taa inakosa nguvu, na wengi wanabaki nchi kavu wakitengeneza nyavu. Nyahozi nayo inavua. Usiku usio na mwezi kunawaka mwanga chini kabisa, na kila auonaye anaanza kuufuata, akiwa na furaha, hatua kwa hatua. Mbalamwezi ikichomoza, mwanga ule unafifia na mtu anaweza kuvuka.

Tazama sharti hilo moja linavyozaa. Wachezaji wenyewe waliuliza: asiyeona je? Basi vipofu wakawa ndio wavushaji, watu wa heshima kubwa, na wazazi wanawaleta watoto kwao wafundishwe kutembea wamefumba macho. Binti mmoja, baba yake mvuvi, akasema harusi za nchi ile lazima zifungwe mwezi mpevu, la sivyo wageni wa ng'ambo hawafiki. Mwingine akataka kujua kama jeshi linaweza kumsukuma adui kuelekea ufa usiku wa giza. Linaweza. Vita nzima ya nchi yetu ikatoka hapo.

Ukitaka hatari ya pili, iwe hewa. Mwaka 1986 Ziwa Nyos, nchini Kameruni, lilitoa hewa ya kaboni dioksaidi usiku, ikateremka mabondeni na kuua watu zaidi ya 1,700. Hewa hiyo ni nzito kuliko hewa ya kawaida na haionekani. Ipe korongo lako tabia hiyo: uchawi unajaza mabonde kwanza, aliyelala chini anaanza kudhurika, aliyepanda juu ya jiwe anasalimika. Mezani unaweza kuonyesha kwa taa inayofifia ikiteremshwa kwa kamba. Ila nawaambia vijana wangu, hasa wenye ndugu machimboni Geita, kwamba hiyo ni kanuni ya mchezo tu. Duara la kweli, yaani shimo la wachimbaji, halipimwi kwa taa.

Halafu weka mtu anayekula kwa sababu ya korongo. Miaka mingi kati ya Kigongo na Busisi tulipanga foleni ya kivuko, na foleni ile ilikuwa soko: mayai, mahindi, samaki wa kukaanga. Juni 2025 daraja la takriban kilomita 3 likafunguliwa, safari ikawa ya dakika chache, na wauzaji wale ilibidi watafute pengine. Kwa hiyo mchezaji wako akitaka kujenga daraja juu ya ufa, mwache ajenge, kisha wavushaji vipofu waje usiku kuzungumza naye. Wape hoja nzito. Nawapenda watu hawa na sitaki wawe maadui wa bure.

Kuhusu kifo: mrusho mmoja wa dadu usimuue mtu wa mchezaji. Toa dalili tatu kwanza. Kwa Nyahozi, wadudu wanapanda toka chini kwa wingi, kama wale wa ziwani wanaoonekana kwa mbali utadhani moshi. Kisha mbuzi wanageuza vichwa upande mmoja. Kisha mchezaji anajikuta anatabasamu, na hapo unamuuliza kwa sauti ya kawaida: unafumba macho, au unaendelea kutazama?